Kicheko cha Bibi Yako Nilikihamisha Mimi

Ngamiani, Tanga
Alhamisi, baada ya Alasiri

Mwanangu Hawa,

Mambo ya begi, ya dawa, ya kutomwachia mtu simu yako hata akisema anataka kumpigia mama yake mgonjwa, hayo mama yako keshakwambia tangu juzi na atayarudia mpaka uchoke. Mimi siyagusi. Ningeweza kuyasema, maana Dar naijua kuliko waliozaliwa huko. Marafiki zangu waliwahi kunifunga kitambaa machoni pale Magomeni, tulikuwa tunabishana, nikatembea mpaka Posta kwa kufuata harufu tu, na nikafika kabla yao wao waliopanda gari. Lakini leo sina hamu ya kukusimulia hilo. Ndiyo kwanza unanisikia nikisema sina hamu ya kusimulia, basi jua kuna jambo.

Kibanda nimefunga mapema. Kuna bibi harusi anangoja albamu yake, nimemwambia mashine imeharibika. Haijaharibika. Wewe sasa hivi uko Makorora kwa yule binti anayekusuka, na najua unamweleza kwamba unakwenda kujifunza kuongoza vipindi vya wachekeshaji, kazi ya mjomba wako. Wiki nzima umelisema hilo kwa kila mtu. Hata muuza kahawa wa hapa nje kaniuliza, "Kumbe Athumani, ile kazi yako ina warithi?" Nikacheka. Nikaingia ndani nikakaa.

Mimi niliishia darasa la saba, na hilo la saba nililimaliza kwa sababu mwalimu alitaka nitoke. Mwandiko wangu unaujua, kuku kapita kwenye unga. Penye neno usiloliweza, ruka, mbele utaelewa.

Unakumbuka mwezi uliopita kile kipande cha video kilipoanza kuzunguka kwenye simu za watu? Aliyekitoa sijui kakitoa wapi, kanda zile nilidhani zimeshaliwa na unyevu. Baba yako Rajabu yuko jukwaani, kijana, kavaa shati la kitenge, maiki mkononi. Anasimulia habari ya bibi mmoja anayekwenda kila msiba mjini, hata wa watu asiowajua, kaficha mfuko wa plastiki ndani ya kanga kwa ajili ya pilau. Anasema bibi huyo hulia kwa kipimo: akisikia kumepikwa maharage hulia kwa pua tu, akisikia kuna nyama huzimia. Halafu picha inahamia kwa watazamaji, na pale mstari wa mbele yuko bibi yako, Bi Mwanaisha, mama yangu mzazi, mama mkwe wa baba yako. Anacheka mpaka kanga imemdondoka begani na meno yote yako nje.

Ulikuja nacho hapa kibandani ukakitazama mara tatu mbele yangu. Mara ya kwanza ukasema, "Kumbe ni kweli. Baba hana haya." Hilo nililitegemea, ndivyo ulivyokuzwa. Mara ya tatu ukasema jambo lililonikata maini. "Lakini Mjomba, ulijuaje? Kamera ilikuwa tayari kwa Bibi kabla hajacheka. Ulijuaje?"

Nami, kwa mdomo wangu huu, nikakujibu: "Jicho la muongozaji, mwanangu. Linanusa kicheko kabla hakijatoka kifuani kwa mtu."

Ukatoa daftari lako ukaandika. Nilikuona. Ukapiga na mstari chini yake.

Yafute maneno yale. Ni uongo, na wewe ndiye mtu wa mwisho kuambiwa uongo ule. Wa kwanza alikuwa mama yako.

Nikueleze ilivyokuwa. Wakati ule hapa mjini palikuwa na kituo kidogo cha runinga. Siku hizi hakipo, jengo lake linauza magodoro. Mimi nilikuwa mpiga picha wa harusi tu, lakini si wa kawaida. Hakuna harusi ya maana toka Mkinga hadi Pangani ambayo sikuipiga. Pale Muheza bwana harusi alitoroka katikati ya shughuli, nikamkimbiza kamera ikiwa begani mpaka karibu na Segera, nikamrudisha, na video haikutikisika hata kidogo. Mwenye kituo akasikia sifa zangu, akaniita. Anataka kipindi cha vichekesho: mtu anasimama peke yake na maiki, watu wanacheka, tunarekodi, kinaruka kila Ijumaa jioni. Akaniuliza kama naweza kukiandaa na kukiongoza. Nikamwambia nimezaliwa nikiongoza. Sikuwa najua hata tofauti ya hivyo viwili. Kumbe kuandaa ni kutafuta viti, na kuongoza ni kulaumiwa. Tukakiita Mkeka wa Kicheko.

Nguzo yake alikuwa baba yako. Hilo sikuwahi kukwambia sawasawa, kwa sababu ningekwambia alivyokuwa ungeniuliza kwa nini aliacha. Rajabu hakuchekesha kwa kukunja uso wala kwa kuvaa gauni kama wengine. Alisimama tu. Alisema jambo kwa sauti ya mtu anayeuliza bei ya nyanya, na watu wakaanguka. Nilimfundisha mimi… Hapana. Hata hapa nimeshaanza. Sikumfundisha kitu. Nilimkuta hivyo, akamwoa dada yangu, nikampa maiki.

Siku ya kipande hicho watu hawakuja. Mvua ilinyesha tangu asubuhi, na mtaani palikuwa na msiba wa mtu mkubwa. Ukumbi wa viti themanini wamekaa watu kumi na moja, sita katika hao ni wanafunzi waliokimbia mvua. Ukumbi mtupu kwenye runinga unaonekana kama mdomo wa kibogoyo. Nikakimbilia Makorora kuwaomba majirani, nikamwomba na mama. Mama akaniuliza swali moja tu, yuko mlangoni anajitanda kanga:

"Mkwe wangu atasimama leo?"

"Atasimama mwisho, mama. Zamu yake ikifika nitakupa ishara, utoke."

"Usinisahau, Athumani."

"Nikusahau vipi?"

Wewe umekulia kwenye simu, huenda hili unaliona dogo. Baba yako na bibi yako waliishi nyumba zinazotazamana miaka sita, na hawakuwahi kula wakionana. Baba yako akipita uani alikohoa kwanza, na mama alijifunika. Salamu zao zilipitia kwa mama yako, na baadaye kwako ulipoanza kusema. "Mwambie baba yako nimemsalimu," na huyo baba yako yuko hatua tatu, anasikia. Haikuwa chuki. Kila Ijumaa mama alimpikia mkate wa kumimina, na wewe ndiye uliyevuka nao barabara, umeushika kwa mikono miwili. Mkwe kumchekesha mama mkwe wake, tena kwa maneno ya tumbo na pilau, kwetu sisi ni afadhali avue nguo sokoni.

Basi mama akaja, akakaa mbele. Aliyeanza kusimama ni kijana mmoja mnene wa Muheza, hachekeshi hata kidogo. Katikati ya maneno yake akaketi kwenye kiti cha plastiki. Miguu ya kiti ikaenda kila mmoja upande wake, akabaki chini na maiki yake anasema, "Haloo? Haloo?" Mama alicheka vile unavyomwona. Kamera ya pili ilikuwa imemwelekea. Ile ndiyo picha.

Zamu ya Rajabu ilipofika nikampa mama ishara. Akavuta kanga yake, akapita mlango wa pembeni, akaenda zake nyumbani kwenye mvua. Ndipo baba yako akapanda jukwaani.

Na hakucheka mtu. Hata mmoja. Wale majirani niliowaomba walikuwa wametoka hukohuko msibani, wengine bado wananukia udi, naye anawasimulia habari ya pilau la msiba. Alikuwa akimsema shangazi yake wa Pangani, na ukoo wao mzima unamjua huyo shangazi. Siku nyingine yoyote maneno yale yangepasua ukumbi. Siku ile yalizama kama jiwe kwenye tope. Nilimwona baba yako akisubiri. Mchekeshaji anaposubiri kicheko kisichokuja, mwanangu, dakika yake si dakika yako wewe uliyekaa nyuma ya kamera. Akasubiri, akaendelea, akamaliza kwa adabu, akashuka.

Jumatano yake nikaketi kuhariri. Tulikuwa na neno letu, kiraka: pale palipotoboka unabandika picha ya mtu anayecheka, unapachika na sauti ya kicheko, tundu halionekani. Kila kituo hufanya hivyo. Huko unakokwenda utafundishwa kuweka kiraka kabla hujaonyeshwa choo kiko wapi. Lakini mimi nilikuwa nimejisifu mji mzima kwamba Mkeka wa Kicheko hauna kiraka, kwamba kila kicheko unachokiona kimechekwa palepale. Sasa nina tundu refu kama mtaro, na nina kanda ya mama. Sikumwona mama mkwe wa mtu pale. Wallahi sikumwona hata mama. Niliona kicheko cha sekunde nne, kina mwanga mzuri, kinalingana na tundu. Nikakihamisha.

Ijumaa kikaruka, Makorora nzima iko mbele ya runinga. Asubuhi yake mama anafagia mlangoni, watoto wanapita: "Bi Pilau! Leo nyama iko wapi?"

Akawaambia majirani, "Mimi nilitoka. Nilitoka kabla hajapanda."

Jirani mmoja, mtu mwema kabisa, akamshika bega. "Bi Mwanaisha, ya nini kuficha? Tumekuona kwa macho yetu."

Hawakuona kwa macho yao. Waliona kwa macho yangu. Na wale wachache waliokuwemo ukumbini, walipojiona kwenye runinga hawakuukumbuka tena ukumbi. Walikumbuka runinga.

Mama yako Saumu akaja kwangu, kakubeba mgongoni ingawa ulikuwa na miaka minne, ulikuwa na homa. "Kaka," akasema, "nyumbani hapakaliki. Mama anasema alitoka. Rajabu anasema alimwona akitoka. Na mimi nimewaona wote wawili kwenye runinga, yeye anasema, mama anacheka. Wewe ndiye uliyekuwepo. Mama alikuwemo au hakuwemo?"

Sasa sikiliza. Saa moja tu kabla hajaja, nilikuwa nimepigiwa simu na mkubwa mmoja wa kituo cha Dar. Alipita Tanga kwa shughuli zake akakiona kipindi hotelini. "Yule bibi!" akaniambia. "Ile picha ya yule bibi! Aliyeiweka pale anajua kazi. Njoo tuonane." Sikio langu lilikuwa bado lina moto wa simu ile. Nikisema nimebandika, kazi imekwenda, na majigambo yangu ya mji mzima yamekwenda nayo.

Nikamwambia dada yangu, "Saumu, picha si hiyo umeiona? Mimi niongeze nini?"

Hakuuliza mara ya pili. Aliniamini mimi kuliko mume wake na mama yake, kwa kuwa mimi ndiye niliyekuwa na kamera. Talaka haikumaliza mwezi. Baba yako akaacha maiki, akahamia Tongoni. Mama yako akarudi kwa mama, wakaishi nyumba moja wakizungumza habari za chumvi na mkaa tu, kila mmoja anaona mwenziwe kamdanganya. Wewe ulikulia katikati ya kimya kile ukidhani ndivyo wanawake wa nyumba yetu walivyo.

Na mama yangu akaacha kwenda misibani. Huyu ndiye aliyekuwa akiitwa kabla hata maiti hajaoshwa, Bi Mwanaisha aje ashike majungu ya kupikia. Akawa hatoki, kwa sababu kila alipoinuka kwenye mkeka wa matanga aliona wanawake wanautazama mkono wake kama umebeba mfuko. Kwetu asiyewazika wenziwe naye hazikwi. Siku yake ilipofika, ulikuwa na miaka kumi na mmoja, wanawake waliokuja kukaa walitosha mkeka mmoja. Ukaniuliza, "Mjomba, mbona watu wachache?" Nikakwambia ni mvua. Siku ile haikunyesha. Baba yako alikuja kwa miguu kutoka Tongoni, akasimama nje ya ukuta wa makaburi mpaka tulipomaliza kufukia. Nilimwona. Nilijifanya napangusa jasho.

Sasa habari za Dar. Nimekusimulia kwamba niliondoka kule kwa sababu sikukubali kumwinamia mtu, kwamba nilimtupia mkubwa funguo mezani zikapasua kioo. Hakukuwa na funguo. Nilikaa miaka miwili. Mwaka wa kwanza wakaleta kijana mwenye cheti akawa ndiye muongozaji, mimi wakanipa kazi ya kuketisha watazamaji. Wewe mnene kaa pale, wewe mwenye meno mazuri njoo mbele. Kabla wachekeshaji hawajafika nilikuwa nawachekesha wale watu wakiwa wanautazama ukuta, tunarekodi vicheko vya akiba. Kicheko kidogo, kicheko kikubwa, kicheko cha mtu anayejizuia. Hapa siongezi chumvi: nilikuwa bingwa. Watu mia mbili nawachekesha ukuta. Jina langu mwisho wa kipindi lilipita kwa kasi, hata mimi mwenyewe sikuwahi kulisoma likaisha.

Siku moja mama mmoja aliyewahi kukaa kwenye viti vyetu alinifuata mlangoni. Mtu wa makamo, ana kikapu.

"Kaka, ni wewe uliyeniweka mbele?"

"Ni mimi, mama. Ulitoka vizuri."

"Mlinionyesha nacheka pale yule kijana aliposema habari za kilema. Mimi hilo sikucheka. Nina mtoto kilema. Ameniona."

Nikamwambia, "Ndiyo runinga, mama." Akanitazama, akachukua kikapu chake. Ningependa sana kukuandikia kwamba niliacha kazi siku ile. Nilimuuliza kijana mwenye cheti tufanyeje, akasema, "Nani atajua?" Nikaendelea miezi minane zaidi, mpaka waliponiondoa.

Wewe unakwenda na cheti chako, hakuna atakayekupa kazi ya kuketisha watu. Utakaa kwenye kile kiti chenyewe, mbele ya vioo vingi, na utapenda, maana hata mimi nilipenda. Ukiwa pale mtu anacheka Jumatatu, wewe unamchekesha Alhamisi, kwa jambo ambalo hakulisikia, mbele ya watu wanaomjua. Yeye atabaki nalo mtaani kwao na wewe utakuwa umeshafika kipindi kingine. Na mchekeshaji wako akianguka, utatamani kumwokoa. Mimi nasema kuanguka kule ni kwake. Baba yako angekiona kimya cha siku ile kwenye runinga angejua mambo ya msiba yametoka wakati mbaya, wiki ijayo angekuja na jingine. Mimi nikamnyang'anya kimya chake nikampa kicheko cha mkwewe.

Tangu uandike lile neno kwenye daftari nimekuwa nikizunguka kama mtu aliyepoteza ufunguo. Jumatatu nikakodi pikipiki nikaenda Tongoni.

Baba yako ana mashine ya kusaga. Hujawahi kuiona kwa sababu hujawahi kukubali kwenda. Nilimkuta mweupe wa unga mpaka kope, wanawake wanne wamekaa na ndoo zao wanangoja, mashine inanguruma. Akaniona. Hakuizima. Akaendelea kumwaga mahindi.

"Rajabu!" nikasema. "Nimekuja nina jambo!"

Akaonyesha sikio, hasikii. Nikasogea. Nikapiga kelele zaidi. Akaonyesha sikio tena. Mimi ambaye nimesema maneno mitaa yote ya Tanga nikakosa pumzi, nikakusanya nguvu zote nikapaza: "Ile picha ya mama…" na hapohapo akazima mashine, "…niliibandika mimi!" Ikasikika kijiji kizima. Kunguru waliruka.

Mwanamke mmoja akasema, "Endelea tu, mjomba. Sisi tunangoja unga."

"Rudia," baba yako akasema, taratibu.

Nikarudia. Kiti cha plastiki, ishara, mlango wa pembeni, Jumatano. Yote, mbele ya wale wanawake, nimesimama kama mtoto wa madrasa aliyesahau aya. Alipoona nimemaliza akakaa juu ya gunia.

"Kwa hiyo alitoka."

"Alitoka."

"Nilimwona," akasema. "Nilisimama nyuma ya pazia. Sikupanda mpaka nilipoona pindo la kanga yake limepita mlango. Watu wakanipigia makofi nipande, nikangoja. Halafu mkanionyesha yumo ndani anacheka." Akajifuta unga machoni. "Mwanzo nilibisha. Mwaka wa pili nikaanza kusema labda alirudi. Labda ilikuwa kanga ya mtu mwingine. Nimeishi, Athumani, nikidhani mimi ndiye sikuangalia vizuri."

 

"Na watu," akauliza, "walicheka kweli siku ile?"

Hapo ndipo nilitaka kumwongopea, mwanangu, kwa huruma. Neno lilikuwa limeshafika kwenye ulimi. "Hapana," nikasema. "Hakucheka hata mmoja."

Akatikisa kichwa kama mtu aliyepewa bei aliyoijua. "Nilijua. Walipocheka kwenye runinga nikasema basi masikio yangu pia mabovu."

Nikaanza kusema unisamehe. Akanyanyua mkono. "Hawa anajua?"

"Bado."

"Basi hujaja," akasema. "Nenda." Akainuka, akawasha mashine.

Nilipopanda pikipiki yule mwanamke aliyesema wanangoja unga akanifuata. "Shikamoo, mjomba. Wewe ndugu yake?"

"Marahaba. Nilikuwa shemeji."

"Huyo mtu redio ikianza vichekesho tu, anawasha mashine. Hata kama hakuna mahindi. Tulidhani ana kichaa kidogo." Akanitazama toka juu mpaka viatu. "Kumbe mwenye kichaa alikuwa Tanga."

Leo asubuhi nikamwambia mama yako. Nilimkuta jikoni anakukaangia vitumbua vya safari. Nilisema yote, yeye anageuza kitumbua kimoja kimoja, hageuki kunitazama. Vikaungua vitatu, na dada yangu hajawahi kuunguza kitumbua tangu azaliwe. Mwisho akasema, "Mama aliniapia. Alishika msahafu, Athumani, akaniapia, na mimi nikamwambia shusha mikono, utajitafutia laana." Kisha akasema, "Kaka, toka jikoni kwangu." Nimetoka. Nadhani sitaingia tena kwa muda mrefu, na sitamlaumu.

Sikuombi unisamehe. Ningekuomba ungeona tabu kunikatalia, kwa jinsi nilivyokulea, na hiyo nayo ingekuwa kukuweka kwenye kiti ninachotaka ukae. Kasirika upendavyo. Ukitaka kuwaambia wenzako huko Dar kwamba mjomba wako alikuwa muongozaji mkubwa, usiseme. Ukitaka kuwaambia alikuwa nani, wasomee barua hii.

Barua naiacha kwa binti anayekusuka, na ndani yake kuna tiketi yako. Itazame vizuri. Nimekwenda stendi nikaibadilisha, si ya kesho tena, ni ya Jumamosi asubuhi, kiti kilekile cha dirishani. Kazini unaanza Jumatatu, hakuna kitakachoharibika. Nimekupangia bila kukuuliza, najua, ndiyo tabia yangu, na hii ndiyo ya mwisho. Kesho una siku nzima. Tongoni si mbali, ukifika uliza kwa Rajabu wa mashine. Nenda peke yako au na mama yako, yeye ndiye ataamua kama miguu yake inaweza. Kama hutaki kwenda, siku ni yako, kaa usukwe tena. Lakini sasa hutakuwa umeacha kwenda kwa sababu yangu.

Jumamosi stendi sitakuja. Mama yako atakuwepo, na kama kesho itakwenda vizuri huenda na baba yako atakuwepo, na watu wanaotazamana baada ya miaka kumi na tisa hawahitaji mtu wa kuwaambia wasimame wapi.

Mjomba wako,
Athumani